Parvana Anageuka Kulia

Jumanne, 28 Januari 2025

Leo nimeitwa msanii! Si fundi. Si "wewe wa vibao". Msanii.

Aliyeniita ni Edgar, mwalimu kijana wa kuchora, anayeandaa maonyesho ya filamu za majaribio Jumamosi ya wiki ijayo kwenye ukumbi mmoja mkongwe kule mjini. Alikuja huku kwetu Nguvumali kutafuta wa kumchorea kibao cha "Choo cha Wageni". Akauona ukuta wa karakana yangu. Miaka thelathini nafutia brashi pale, na kila nikifuta, mkono wenyewe huchora kichwa cha mwanamke. Cha pinki, cha njano, cha kijani, cha zambarau. Kichwa kilekile, mstari juu ya mstari, kama maua ya kanga. Edgar akasimama, kibao cha choo kikamtoka akilini. Akasema hii ni sanaa ya pop, na mimi sijijui tu. Akaniuliza kama naweza kukifanya kichwa hicho kitembee. Nikamwambia hicho ndicho kitu pekee nilichokitaka tangu nimezaliwa.

Akauliza ni nani huyu. Nikasema si mtu, ni mazoea ya mkono.

Uongo. Ni Parvana.

Edgar ana adabu, ila alianza na shikamoo. Nina miaka hamsini na nne tu! Nikaitikia marahaba kwa sauti ya kijana. Ikanikwama kooni, nikakohoa kizee.

Jumatano, 29 Januari

Niandike, maana nikifa nani atajua.

Mwaka 1983, Jumamosi, sinema ya mjini. Mimi na Asheri, darasa la sita, viti vya mbele kabisa vinavyovunja shingo. Mwisho wa picha, ya Kihindi, nyota wake Parvana yuko stesheni, sari ya bluu, katupa mgongo. Mchumba anamwita. Kichwa kinaanza kugeuka. Kinaanza! Sikio. Hereni. Ncha ya pua. Shavu la kulia linatokeza kama mwezi wa kuandama.

Filamu ikakatika.

Kitambaa cheupe. Tukapiga miluzi, tukagonga viti. Fundi wa mashine akatoka analowa jasho, akatuambia picha imekwisha, twendeni makwetu. Kesho yake makopo ya filamu yakapakiwa treni ya Moshi, maana ilikuwa zamu ya Moshi. Hayakurudi tena. Najat, binti yangu aliye Dodoma, amenitafutia kwenye simu mpaka amechoka. Filamu hakuna. Kuna wimbo wake mmoja usio na picha. Mimi ninacho kipande cha tangazo, shavu hilohilo la kulia, nimekificha nyuma ya kalenda ya 2009.

Miaka arobaini na mbili namsubiri amalizie kugeuka.

Sasa nitamgeuza mwenyewe. Sekunde nne. Picha kumi na mbili kwa sekunde. Vichwa arobaini na nane, kila kimoja na rangi yake. Edgar anataka kazi iwe mkononi mwake Ijumaa ya wiki ijayo kabla ya swala.

Mkasa huu wa stesheni nimemsimulia kila mtu wa Tanga. Kinyozi, Yasini wa duka la kona, hata mng'oa meno, pamba ikiwa mdomoni. Mwatumu, mke wangu, sijamwambia. Mke hasimuliwi mwanamke mwingine, hata kama ni wa kwenye kitambaa. Nimemwambia nina kazi ya tangazo. Akasema alhamdulillahi. Nikajisikia vibaya kama dakika mbili.

Alhamisi, 30 Januari

Asheri kajua! Yasini kamwambia. Yasini ni redio isiyo na kitufe cha kuzimia.

Asheri huyu ndiye mwenye mashine ya kuchapa mabango kule Mabawa. Bango ninalolipaka siku tatu, mashine yake inalitema kwa nusu saa, na maandishi yamenyooka. Sina kinyongo. Namwombea umeme ukatike, basi.

Kaja na pikipiki yake, kaegesha juu ya kivuli changu. Kasema na yeye anapeleka filamu kwa Edgar. Ya kompyuta. Ya Parvana. Tena akigeuka kushoto!

Kushoto! Tulikuwa kiti kimoja, karibu tunapumua pua moja, naye aliona kushoto. Ugomvi huu ndio uliofanya tusisemezane darasa la saba zima, mpaka mama yangu akampelekea mama yake vitumbua wakatupatanisha. Tulipatana juu ya vitumbua. Juu ya shingo hatukupatana.

Nimemwambia atakuja kuumbuka. Kanijibu Jumamosi si mbali, Bwana Mwinyi, lete na miwani.

Jumamosi, 1 Februari

Siku ya akili kubwa.

Tatizo lilikuwa sari. Nikiipaka rangi haina uhai. Nikafikiri, pop ni kitu cha dukani kinachojirudiarudia. Sasa pwani hii kitu gani kinajirudiarudia kama si kanga? Mwatumu alikuwa amekwenda kwa jirani. Nikafungua sanduku lake kutazama tu. Juu kabisa, mpya, bluu ile ile ya stesheni! Na ina maneno: "Wageni ni baraka, tuwapokee."

Nikasita. Mimi si mwizi. Lakini hesabu ikanijia yenyewe. Doti ya kanga ni vipande viwili. Mwanadamu ana mwili mmoja. Nikichukua kimoja, kinabaki kimoja, na mwili ni uleule mmoja. Hapo nani kaonewa?

Nimekata sari ndogo arobaini na nane. Zinapendeza mno. Kwenye bega la Parvana zinapita herufi, mara "raka", mara "tuwa". Edgar atazimia.

Jumapili, 2 Februari

Nimeonewa mimi.

Ile kanga ilikuwa sare. Mdogo wake Mwatumu, Zuleha, anaoza binti Ijumaa kule Maramba, na wanawake wote wa ukoo wamenunua doti moja ya aina moja, kipande cha kiunoni, kipande cha kichwani. Zimekwisha dukani. Na mimi nilikuwa niende naye. Hilo nalo lilinitoka.

Nikamweleza hesabu yangu ya mwili mmoja. Kanitazama kama mtu anavyomtazama mbuzi aliyekula cheti cha shule. Mwatumu hapigi kelele. Akikasirika huvuta mdomo upande mmoja, na lile kovu lake dogo juu ya nyusi ya kushoto hupanda juu kama lifti. Leo limefika ghorofa ya mwisho.

Akaniuliza kama Ijumaa nakwenda Maramba au siendi. Nikasema kazi hii ni ya kufa na kupona. Akauliza ya nani kufa. Nikashika brashi. Akasema basi atakwenda peke yake kesho, na kurudi hajui, maana Maramba kuna machungwa tele na hakuna wasanii.

Neno msanii lina ladha mbaya sana likisemwa hivyo.

Jumatatu, 3 Februari

Kaondoka asubuhi. Begi moja, na kipande kimoja cha kanga kakifunga kiunoni waziwazi, makusudi, kichwani mtandio mweusi.

Nilitaka kumbebea begi mpaka stendi. Kasema mikono yangu ina rangi. Ni kweli ilikuwa nayo.

Nikasimama mlangoni. Nikajisemea akifika kona ya Yasini atageuka. Huwa anageuka. Akienda sokoni hugeuka, akienda msibani hugeuka, hata akienda kutupa taka hutupia jicho kuona kama nimefunga mlango. Akafika kona. Bluu ya kanga ikang'aa.

Hakugeuka.

Nimerudi kazini. Vichwa vinane vimekamilika, vyote kisogo. Visogo navichora vizuri leo.

Jumanne, 4 Februari

Uvumbuzi! Simu lazima itazame chini bila kutikisika. Nimeifunga kwa mpira wa baiskeli kwenye mbuzi ya kukunia nazi, mbuzi nimemlaza juu ya viti viwili, meno yake yako hewani, simu inaning'inia shingoni. Chini yake naweka kichwa cha boksi la sabuni nilichokipaka rangi, navisha sari, napiga picha, natoa, naweka kingine. Najat kanielekeza kwa simu jinsi ya kuziunganisha. Kaniuliza pia mama yuko wapi. Nikasema mtandao unakatika.

Saa nne nimewasha feni kwa sababu ya joto. Sari zote zikaruka. Moja nimeiokota kwenye uji.

Jirani kaja kuazima mbuzi. Nikamwambia yuko kazini. Kaondoka bila kuuliza. Watu wa mtaa huu wamenizoea.

Vichwa ishirini na vinne. Sikio limepita, hereni imepita, pua imepita. Shavu la kulia nalinakili kwenye kipande cha tangazo, halinisumbui.

Chakula tambi, za jana. Niliweka vikombe viwili vya chai. Nikarudisha kimoja.

Jumatano, 5 Februari

Mkwamo. Parvana amefika katikati na mimi sijui kilichoko upande wa pili! Jicho la kushoto sijawahi kuliona. Hakuna mtu Tanga aliyewahi kuliona.

Mpango: mashine ya Asheri inaweza kugeuza picha. Nikifika na shavu la kulia, inanipa la kushoto. Nikaenda Mabawa nikajifanya nataka kujua habari za mkewe Consolata. Consolata mwenyewe ndiye aliyenifungulia, mzima kabisa, kaniuliza ya Mwatumu. Nikakohoa.

Asheri kacheka, lakini kanichapia. Kwa nini? Kasema anataka kunishinda nikiwa nimekamilika. Nami nikaiona filamu yake kwenye kompyuta. Parvana wake anang'aa kama sinia jipya, anageuka kushoto, haishii hapo, anaendelea, anazunguka mzima kama kuku wa kuchoma. Nikamsifu. Moyoni nilicheza mdundiko.

Nyumbani nimeunganisha shavu la kulia na kivuli chake. Ni bundi. Macho mawili sawasawa, yananikodolea, hayamjui mtu. Nimemtazama saa nzima. Huyu si mwanamke aliyeitwa na mtu stesheni.

Nimempigia Mwatumu. Kapokea Zuleha. Kasema dada anamenya vitunguu saumu. Nikasema nitasubiri. Kasema ni vingi.

Alhamisi, 6 Februari

Sijui niandikeje. Leo mkono umekwenda wenyewe.

Nilimtupa bundi, nikachukua brashi nyembamba, nikafumba macho kidogo, nikajiuliza mwanamke akiitwa na mtu anayemjua, tena aliyemuudhi, anageukaje. Nikaanza. Sikunyanyua kichwa mpaka adhana ya alasiri. Vichwa ishirini na vinne vya mwisho, kimoja baada ya kimoja, cha machungwa, cha bluu, cha waridi. Jicho la kushoto limekuja na uvivu kidogo, halifiki haraka kama la kulia. Mdomo umevutwa upande mmoja, kama ana neno analimeza. Na juu ya nyusi ya kushoto limetokea kovu dogo.

Kovu sikulipanga. Nikataka kulifuta, uso ukakataa. Nikafikiri sana, jibu nikalipata: Parvana lazima alikuwa na kovu upande huo. Ndiyo maana tangazo walipiga picha ya kulia! Miaka yote hii hakuna aliyeligundua hilo ila mimi.

Wataalamu wa filamu waje Nguvumali.

Ijumaa, 7 Februari

Nimewasilisha kazi saa tano na nusu. Edgar kaitazama mara nne, kisha kaniuliza kwa upole kama mama nyumbani hajambo. Vijana wa siku hizi hawana mtiririko wa mazungumzo.

Baada ya swala watu wengi wamenishangaa kuniona mjini. Kila mmoja kauliza harusi ya Maramba vipi. Nimesema njema. Saa nane nilijua sasa wanafungisha ndoa. Saa tisa nikajua wanawake wamesimama mstari, bluu tupu, kiunoni na kichwani, na mmoja kati yao kichwa cheusi.

Nikakaa kwenye kigoda chake cha jikoni nikajionyesha filamu kwenye simu.

Kisogo. Sikio. Hereni. Pua. Shavu. Na akageuka! Uso wote, mpaka mwisho, akanitazama. Miaka arobaini na mbili! Nikaiona mara kumi. Macho yakanijaa maji. Ni rangi ya mafuta, ina harufu kali.

Ajabu moja. Nilidhani nikimwona nitatulia. Badala yake nimetamani kumwonyesha mtu. Si Asheri, si Yasini. Mtu mmoja tu, aketi hapa jikoni aniambie masikio nimeyakosea.

Jumamosi, 8 Februari

Maonyesho yameanza baada ya alasiri, madirisha yamefunikwa mablanketi. Nguvumali wamekuja nusu mtaa. Yasini kafunga duka! Hajafunga duka tangu mkewe ajifungue.

Asheri alitangulia. Parvana wake alipozunguka mara ya tatu, mtu nyuma akasema mgeuzeni upande wa pili, huu umeiva. Nilimwonea huruma kwa kweli. Nilimwonea kwa furaha.

Kisha wangu. Sekunde nne, Edgar kazipanga zijirudie mara ishirini. Ukuta mzima pinki. Kisogo kijani, sari ya kanga inapepea, "raka", "tuwa". Shavu la kulia. Nikakamata mikono ya kiti. Jicho la kushoto likafika, mdomo ukavutwa, kovu likapanda.

Ukumbi ukalipuka. Wanasema, huyo si Mama Najat? Mama Najat huyo! Yasini kasimama juu ya kiti anapiga makofi.

Nikasimama nikawaeleza kwamba wamekosea, huyo ni nyota wa sinema, na habari za kovu zina ushahidi wa tangazo. Wakacheka mpaka Edgar akainama. Asheri peke yake hakucheka. Alitazama ukuta mpaka mara ya ishirini, halafu akaniinamia sikioni. Kasema: "Bwana Mwinyi, huyo ni Mwatumu. Na umegeuza vizuri."

Nikageuka nimjibu. Mwatumu alikuwa amesimama mlangoni.

Begi mkononi, kanga ya bluu kiunoni. Ametoka stendi, kakuta nyumba imefungwa na duka la Yasini limefungwa, akadhani nimekufa. Mtaa ukamwambia niko huku. Akautazama ukuta. Kisha akauliza, kwa sauti ndogo ambayo ukumbi mzima uliisikia, kwa nini amepakwa zambarau.

Tumerudi kwa miguu, mimi nimebeba begi. Kule harusini walimuuliza kipande cha pili kiko wapi, akawaambia kimeliwa na panya mkubwa wa Nguvumali, mwenye kipara. Wote walimjua panya. Tulipopita posta nikashindwa kuzuia, nikamwambia yote. Stesheni, sari, shavu, filamu kukatika. Nikamwambia ndiyo maana. Nikangoja kovu lipande.

Halikupanda. Kasema picha hiyo aliiona. Jumatano ya wiki ileile, zanana, siku ya wanawake peke yao, alikwenda na mama yake. Filamu ilikuwa bado nzima.

Nikasimama katikati ya barabara. Nikamuuliza aligeukaje, kulia au kushoto.

"Hakugeuka," amesema. "Aliinamisha kichwa atazame ngazi ya treni. Akapanda, akaenda zake. Tulilia mpaka mama akasahau kandambili ndani. Sasa wewe mwanamume, miaka yote hii, si ungeniuliza?"

Pikipiki ikanipigia honi. Sikusogea. Yeye ndiye aliyenivuta mkono.

Nyumbani kaomba aione tena kwenye simu. Nikampa. Kaketi kigodani kaitazama mara tatu, uso haunionyeshi kitu. Mara ya nne akasema masikio si yake, ni makubwa. Kisha akauliza mbuzi wa nazi amefungwa mpira wa baiskeli kwa sababu gani.

Nimekunywa chai. Vikombe viwili.

Jumapili, 9 Februari

Nimeamka na mawazo yametulia. Nimelipima lile neno la Mwatumu kwa haki kabisa.

Kwanza, alikuwa na miaka kumi na moja. Pili, kakiri mwenyewe kwamba walikuwa wanalia. Mtu anayelia haoni vizuri. Inawezekana kabisa Parvana aligeuka wakati Mwatumu anapenga kamasi. Tatu, tuseme hakugeuka. Basi alipanda treni. Treni ina stesheni nyingine mbele. Pongwe, Muheza, Korogwe. Kwani hakuweza kushuka? Kwani haikuwezekana akarudi?

Parvana anarudi! Sekunde nane. Vichwa tisini na sita. Edgar nimempigia, kasema anapenda, shikamoo. Asheri nimempigia pia. Kasema Parvana atashuka kwa mlango wa kushoto. Mpuuzi.

Tatizo ni sari. Lazima iwe ileile, watu wasichanganyikiwe.

Asubuhi Mwatumu kafua. Kipande kilichobaki kiko kwenye kamba, kinakauka vizuri, bluu safi. Mwenzake hayupo tena. Kipande kimoja huwezi kukivaa harusini, huwezi kukiita doti. Ukikitazama kwa akili, hakina kazi yoyote hapa duniani.

Sijakigusa. Nimekipima kwa macho tu.

Saa nne hii Mwatumu ametoka kwenda Mabawa kumjulia hali Consolata. Nimesimama mlangoni, mkono mmoja nyuma. Amefika kona ya Yasini.

Amegeuka! Polepole, kulia, kama nilivyosema siku zote. Akanitazama mimi. Akaitazama kamba. Akanitazama mimi tena, muda mrefu.

Mwanamke huyu ananipenda. Nimempungia mkono. Mkasi nimeuhamishia kwanza mkono mwingine, nyuma kulekule.